Rilei Nzima

Pikapu nyeupe ilizimika katikati ya lango la kituo cha petroli pale Malaba saa nne asubuhi, Jumanne moja ya mwezi wa tatu mwaka wa 1993, na nusu ya mji ikasimama nayo. Malori yaliyokuwa yakingoja mafuta kabla ya kuvuka kwenda Uganda yalipiga honi kwa zamu, kisha yote kwa pamoja. Madereva walianza na matusi ya Kiswahili, wakamaliza na ya Kiganda. Akina mama wa ndizi walitua beseni zao chini ili watazame vizuri.

Apolot alitazama pia. Alikuwa amesimama mlangoni mwa gereji ya mjomba wake Emong, hatua chache kutoka pale, akifuta mikono kwa kitambaa. Umri wake ulikuwa miaka ishirini na sita. Alivaa overoli ya buluu iliyokunjwa mikono hadi kwenye viwiko, kitambaa cha manjano kichwani, na vipuli vidogo vya shaba ambavyo mjomba alimkataza kuvaa kazini na ambavyo alivivaa kila siku ya Mungu. Kazi yake ilikuwa umeme wa magari. Wanaume wengi waliofika gerejini humo walimuuliza fundi yuko wapi, naye alikuwa ameshachoka kujibu.

"Huyo ataua betri bure," alisema, akabeba boksi lake la vifaa.

Dereva alikuwa kijana mrefu, mwenye shati la kaki lililopigwa pasi hadi mikunjo ikasimama. Jasho lilimtiririka shingoni. Alikuwa amezungusha ufunguo mara ishirini, na mara ishirini gari lilikuwa limenyamaza kama limenuna.

"Dada, niitie fundi, tafadhali," alisema.

"Fundi amefika. Toa mkono kwa ufunguo."

Akamtazama kuanzia kilemba hadi viatu. "Ni wewe?"

"Kwani umeona mtu mwingine amebeba bisibisi? Washa taa za mbele."

Taa ziliwaka vizuri. "Piga honi." Honi ikalia kwa nguvu, na yale malori nyuma yakaijibu kwa hasira.

"Betri yako haina neno," Apolot alisema, akafungua boneti. Ubavuni, karibu na betri, palikuwa na visanduku viwili vidogo vyeusi, kila kimoja kama kiberiti. Akaweka kidole juu ya kimoja. "Zungusha ufunguo sasa. Shikilia."

Kimya. Kidole chake hakikuhisi chochote.

"Hii ni rilei ya stata," alimwambia yule kijana, ambaye alikuwa ametoka akaja kuinama karibu naye, akinukia sabuni. "Ukizungusha ufunguo, umeme kidogo unakuja hapa. Hiki kisanduku kinaskia, kinafanya tik, kinafungulia ule umeme mkubwa wa betri uende kwa stata, ile mota ya kuamsha injini. Yako haifanyi tik."

"Kwa hivyo imekufa?"

"Mtu hazikwi kabla ya kupimwa."

Alitoa taa yake ya kupimia, balbu ndogo yenye waya mbili. Moja akaibana kwenye chuma cha gari, nyingine akagusisha mguu wa kwanza wa rilei. Balbu ikawaka: umeme wa betri ulikuwa unafika. Akamwambia azungushe ufunguo, akagusisha mguu wa pili. Ikawaka tena: amri ya ufunguo ilikuwa inafika. Akagusisha mguu unaokwenda kwa stata. Giza.

"Unaona? Habari inaingia, haitoki. Weka gia huru, vuta breki ya mkono, halafu acha ufunguo wazi."

Aling'oa rilei, akachukua kipande cha waya nene na kuunganisha matundu mawili makubwa pale ilipokuwa. Cheche ziliruka, stata ikazunguka, na injini ikanguruma. Akina mama wa ndizi walipiga vigelegele. Dereva mmoja wa lori akasahau matusi yake, akapiga makofi.

Apolot alizima gari. Alifungua kifuniko cha ile rilei kwa ncha ya bisibisi, na harufu ya kuungua ikatoka. Ndani, nyaya nyembamba kama nywele zilikuwa zimegeuka kuwa makaa.

"Sina nyingine hapa. Lakini hii ya pili ni ya honi, na zimefanana, miguu minne na minne." Akaing'oa ile ya honi, akaisukuma mahali pa ile iliyokufa. "Washa."

Gari liliwaka kwa ufunguo mmoja.

"Sasa nitaenda Busia bila honi?"

"Enda polepole. Tabasamu kwa watu, watakupisha."

Yule kijana alicheka, na meno yake yalikuwa na mwanya mbele. "Naitwa Callistus. Na wewe, fundi?"

"Fundi linatosha."

Lakini hakutosheka. Callistus alikuwa dereva wa mfanyabiashara mmoja wa Busia aliyeuza nyavu na vifaa vya mashua, na kila Jumanne na Ijumaa alikuja kuchukua marobota ya nyavu kwenye stesheni ya reli ya Malaba. Ijumaa hiyo alisimama mbele ya gereji akiwa na rilei mbili mpya mkononi.

"Moja ya honi," alisema.

"Na ya pili?"

"Hiyo utaniwekea Jumanne. Ndiyo nipate sababu ya kurudi."

Emong, aliyekuwa chini ya lori, alikohoa kwa makusudi. Apolot aliinamisha uso ndani ya boneti ili asionekane akicheka. "Naitwa Apolot," alisema akiwa humo humo.

Basi hivyo ndivyo yalivyoanza. Katika duka la dawa la Mama Alupo, mlango wa tatu kutoka gereji, palikuwa na simu, na siku ambazo si Jumanne wala Ijumaa Mama Alupo alikuwa akitoka kibarazani na kuita kwa sauti ya kusikika hadi forodhani: "Apolot! Yule wa Busia!"

"Mpenzi, umekula?"

"Nimekula. Wewe?"

"Nimekunywa chai tu. Nilikuwa nakufikiria, mkate ukapita njia mbaya."

"Wewe muongo sana."

"Muulize huyo mkate."

Callistus alimwambia mambo mengi kwenye simu ile. Alizaliwa Port Victoria, baba yake alikuwa mvuvi aliyezama, na aliyemlea akamsomesha ni kaka yake mkubwa, Ojwang. Alimwambia Ojwang ana mke, Maureen, na watoto watatu ambao humwita baba mdogo. Mwezi wa sita alimletea Apolot kitambaa cha kijani chenye maua meupe, akashone gauni. Mwezi wa saba walitembea hadi nyuma ya stesheni, na alipomshika mkono hakujali grisi.

Mwezi wa nane Ojwang alikufa. Alikuwa ameugua mwaka mzima, akikonda, akikohoa, na watu wakinong'ona. Apolot alitaka kwenda matangani, lakini Callistus alimkataza kwa upole. "Watu ni wengi, wazee wana maneno mengi. Ngoja nikupeleke siku nzuri, usiwajue watu wetu kwa kilio."

Aliporudi alikuwa mtu mwingine. Alicheka, ila kicheko kilichelewa. Siku moja ya mwezi wa kumi Apolot alipiga simu kule kazini kwake, na karani akamjibu, "Callistus? Ameenda kwake. Mke wake ni mgonjwa."

Jumanne alimkabili. "Mke yupi?"

"Ni Maureen. Shemeji yangu. Huyo karani anapenda mzaha."

"Mzaha kama huo unavunja nyumba."

"Nyumba yetu haijajengwa bado, mpenzi. Ngoja tuijenge kwanza." Akamshika kidevu. "Mwezi wa kumi na mbili nakuja kwenu. Mwambie mzee wako achinje."

Mzee alichinja. Ilikuwa Jumamosi ya pili ya Desemba, nyumbani kwao nje kidogo ya Amagoro. Ua ulifagiliwa mara mbili, shangazi walikoroga ajono, ile pombe ya wimbi, kwenye chungu kikubwa na kupanga mirija kuzunguka chungu. Wageni walitarajiwa saa tano. Apolot alivaa gauni lake la kijani lenye maua meupe, kola imesimama vizuri, nywele zimesukwa. Saa tano ikapita. Saa sita ikapita. Hakuweza kukaa. Alipanda baiskeli hadi Malaba, kwa Mama Alupo, na alipofika simu ilikuwa inalia.

"Mpenzi," Callistus alisema, na sauti yake ilikuwa mbali kuliko Busia. "Gari imekataa kuwaka. Tangu asubuhi."

"Inafanya tik?"

"Haifanyi."

"Kaa hapo. Nakuja."

"Apolot, usije. Waambie wazee tutapanga siku ingine."

"Mbuzi ameshachinjwa, Callistus. Nakuja na rilei."

Alipita gerejini, akachukua rilei mpya rafuni, taa ya kupimia na bisibisi, akavitia kwenye mkoba wake mweupe wa kanisani. Baada ya saa moja na nusu alikuwa Busia, akiingia ua wa ghala la nyavu akiwa na gauni lake la kijani. Callistus alikuwa ameketi kwenye ngazi za ghala peke yake. Alivaa suti ya kijivu. Aliyepaswa kuja naye, mjomba wake, hakuonekana. Pikapu ilikuwa imeoshwa.

"Wengine wako wapi?"

"Wameenda," alisema, bila kumtazama.

Apolot aliweka mkoba juu ya paa la gari, akakunja mikono ya gauni. Taa za mbele zikawaka. Honi ikalia. Akazungusha ufunguo mwenyewe: kimya. Akafungua boneti, akapeleka kidole mahali pa rilei ya stata, na kidole kikaingia kwenye tundu tupu.

"Iko wapi?"

"Niliitoa nione. Imeungua." Callistus alitia mkono kwenye mfuko wa koti, akampa.

Apolot aliinusa kwanza. Haikuwa na harufu. Akachukua waya mbili, akaziunganisha na betri, akagusisha miguu miwili midogo ya ile rilei. Tik. Akaondoa, akagusisha tena. Tik. Akaweka taa ya kupimia kwenye mguu wa kutokea, na balbu ikawaka nyeupe kabisa, mchana ule wa jua kali, hata asiyejua kitu angeiona.

Akarudia mara ya tatu. Si kwamba alikuwa na shaka na rilei. Alikuwa anampa muda aseme kitu.

"Hii rilei ni nzima, Callistus."

Callistus aliitazama ile balbu.

"Nimeuliza betri, betri imesema kweli. Nimeuliza rilei, imesema kweli. Sasa nakuuliza wewe."

Callistus aliinuka. "Siwezi kukuoa, Apolot. Nimeingia nyumba ya Ojwang."

Hakuhitaji kufafanuliwa. Desturi hiyo ya kumrithi mjane aliijua kila mtu wa pande zile.

"Tangu lini?"

"Mwezi wa tisa. Wazee walikaa..."

"Na mwezi wa kumi ulinishika kidevu ukaniambia baba achinje."

"Nilifikiri nitapata njia."

"Ungenambia tu. Hata kwa simu. Baba yangu amekaa na shati jeupe tangu asubuhi, na wewe unaficha rilei mfukoni kama mwizi!"

"Kuna kitu kingine," alisema, akasogea hatua moja, akasimama. Akafungua mdomo. Akaufunga.

Apolot alingoja. Kisha aliisukuma rilei mahali pake, akaingia ndani, akazungusha ufunguo, na injini ikawaka bila kusita. Akashuka na kuacha mlango wazi.

"Gari yako inawaka," alisema. "Dereva ndiye hataki kwenda."

Alirudi Amagoro, akasimama mbele ya baba yake, akasema, "Papa, hawaji." Mzee hakuuliza. Alivua koti, akawaambia majirani wakae wanywe, kwani pombe haina kosa.

Miaka mitatu na miezi kadhaa ikapita. Nyavu zilikuja kuchukuliwa na dereva mwingine. Wanaume wawili walimposa Apolot, mmoja mwalimu na mwingine askari wa forodha, naye akawakataa wote kwa heshima. Emong alizeeka, akarudi shambani, akamwachia gereji. Watu hawakumuuliza tena fundi yuko wapi.

Mwezi wa nne mwaka wa 1997, saa nane za mchana, mwanamke mmoja alisimama mlangoni pa gereji. Alikuwa amevaa koti kubwa la kiume ingawa jua lilikuwa linachoma, na viatu vya raba vilivyopasuka. Mashavu yalikuwa yameingia ndani, lakini macho yalikuwa ya mtu ambaye aliwahi kuwa mzuri sana.

"Wewe ndiye Apolot?"

"Ndiyo, mama. Karibu kiti."

"Naitwa Maureen. Mke wa Ojwang." Akapumua. "Kama utanifukuza, nifukuze nikishamaliza kusema."

Apolot alivuta benchi kivulini.

"Callistus alikataa mara tatu," Maureen alisema. "Alisema ana msichana Malaba. Mimi pia nilikataa. Wazee wakasema basi, mimi na watoto tutoke kwa boma. Tungeenda wapi? Akakubali ili watoto wa ndugu yake wabaki na mlango. Alikuwa anatafuta njia akuoe hivyo hivyo, mambo yetu ya kitandani yaishie hapo." Alikohoa kwenye kitambaa. "Halafu nikaugua. Hospitali wakanipima damu, wakaniambia Ojwang aliniachia nini. Ilikuwa Alhamisi. Nikamwambia Callistus siku hiyo hiyo. Jumamosi ndiyo alikuwa aje kwenu."

Apolot alitazama mikono yake. Alhamisi. Ijumaa. Jumamosi.

"Kwa nini hakuniambia?"

"Muulize. Lakini ukitaka kumuuliza, usichelewe."

Waliondoka pamoja asubuhi iliyofuata. Kule Port Victoria, nyuma ya nyumba ya mabati iliyotazama ziwa, Callistus alikuwa ameketi kwenye kiti juani, amevaa sweta mbili. Suruali ilikuwa imeshikwa kiunoni kwa kamba. Apolot alimtambua kwa mwanya wa meno tu.

"Fundi," alisema. "Umenenepa."

"Na wewe umemaliza nguo." Alipiga magoti mbele yake, akamshika mikono yote miwili. Ilikuwa miepesi kama maganda. "Mbona hukuniambia, Callistus?"

"Ningekwambia, ungekuja."

"Ningekuja, ndiyo!"

"Ndiyo maana."

Apolot alilia hapo, kichwa chake juu ya magoti yale membamba, na Callistus akamwacha alie. Maureen aliingia ndani, akawaita watoto wote wamfuate. Mtumbwi mmoja ulikuwa unashusha sangara ufukoni, na wanawake walikuwa wanabishana juu ya ukubwa wa samaki.

"Ulinichukia?" Callistus aliuliza baadaye.

"Kila siku. Asubuhi na jioni, kama dawa."

Alicheka, na kicheko kikageuka kikohozi kirefu. Kilipotulia alisema, "Ningekuwa na mwili, leo ningekuposa."

"Nipose."

"Hapana. Utaniweka wapi?"

"Nipose tu. Wacha nikatae mwenyewe. Mara ya kwanza ulinikatalia wewe."

Callistus alinyoosha mgongo kadiri alivyoweza. Akafunga kifungo cha juu cha sweta. "Apolot, binti wa Wateso, utakubali niwe mume wako?"

"Ndiyo."

"Si ulisema utakataa?"

"Nimekataa kukataa."

Alikuja Jumapili iliyofuata, na nyingine, na nyingine. Alileta maziwa, malimau, na dawa za kikohozi kutoka kwa Mama Alupo, dawa ambazo wote watatu walijua hazitibu kitu. Dawa yenyewe haikuwapo. Si Busia, si popote ambapo watu wao wangefika. Alimwosha miguu. Alimsomea gazeti la wiki iliyopita, naye akamuuliza mambo ya magari yaliyokuja gerejini, akitaka kila kitu: lilikuwa linafanyaje, ulianza kupima wapi, ikawa nini. Jumapili ya sita hakuuliza tena. Jumapili ya tisa hakumjua, alimwita kwa jina la mama yake, naye Apolot aliitika.

Alikufa Jumatano. Habari zilifika kwa simu ya Mama Alupo, ambaye mara hii hakuita kutoka kibarazani. Alitembea hadi gerejini, akamwondolea Apolot bisibisi mkononi, na kumkalisha.

Siku ya mazishi boma lilijaa. Apolot alivaa nguo nyeusi ya kuazima, akasimama nyuma kabisa, karibu na ua wa miti, mahali wanaposimama watu waliokuja kwa ajili ya wengine. Hakuwa ndugu. Hakuna mahari iliyotolewa, hakuna mzee wa upande huu aliyewahi kuvuka kwenda Amagoro. Wanawake wa ukoo walikuwa wameketi mkekani karibu na jeneza, na Maureen katikati yao, amejitegemeza kwa mwanawe mkubwa wa kike kwa sababu hakuweza kukaa wima peke yake.

Maureen aliinua kichwa. Alitafuta katika umati mpaka alipomwona. Akamnyooshea mkono.

Apolot alitikisa kichwa. Mkono haukushuka. Watu wakaanza kugeuka. Ikambidi apite katikati yao wote, macho chini, hadi ukingoni mwa mkeka.

"Huyu ni nani tena?" aliuliza bibi mmoja mwenye mkongojo, shangazi wa marehemu. "Hapa ni mahali pa mke."

"Ndiye mke," Maureen alisema. Sauti ilikuwa ndogo, lakini watu walikuwa wamenyamaza. "Mimi Callistus alipewa. Huyu, Callistus alijitafutia mwenyewe."

Yule bibi aliwatazama wote wawili. Kisha akavuta mkongojo wake, akakunja miguu, na kumwachia Apolot nafasi ya kukaa.